Mguu wa Nne wa Popi

Siku hiyo Jumatano ilikuja mara mbili, na wala hakuna aliyelalamika. Katika mji ule Jumatano ilikuwa na tabia ya kurudi, kama mgeni aliyesahau mwavuli wake, na watu walikwishazoea kuongeza maji kwenye mchuzi. Ila Jumatano hii ya pili haikuwa ya kawaida. Tangu asubuhi watu walikuwa wakimiminika kuelekea Uwanja wa Unga, watoto wamepakwa rangi ya fedha usoni, wazee wamevaa kofia zao za sikukuu. Mboni binti Semkiwa, ambaye siku hasa ilikuwa yake, alisimama mlangoni pake moyo ukimdunda kwa furaha na hofu, asijue ni ipi kati ya hizo iliyoamka kwanza. Jua likifika utosini angetembea hatua mia moja mbele ya mbwa mmoja. Akitembea sawasawa, mbwa elfu kumi wangepona. Akikosea, wangepelekwa kwenye tanuri wakayeyushwe wote kabla Alhamisi haijaingia.

Mbwa hao walikuwa wa chuma. Wale wa nyama na mifupa walikuwa wameuhama mji zamani, siku ambayo kila mtu anaikumbuka kwa namna yake. Wengine husema waliondoka kwa mstari mmoja bila kubweka, wengine husema walikuwa wamelala juani na watu walipogeuka hawakuwaona tena. Walipoondoka, mji ulipatwa na upweke usio na jina. Watu walitupa mifupa nje ya madirisha, mifupa ikakaa palepale. Watu walipiga miluzi, miluzi ikaenda isirudi na mtu. Hapo ndipo mafundi wa karakana kuu walipounda mnyama wa chuma mwenye miguu minne, mgongo bapa kama ubao wa kukatia mboga, na jicho moja kifuani, asiye na kichwa wala mkia. Mwanzoni watu walimcheka. Baadaye wakamwogopa. Baadaye tena, kama watu walivyo, wakampenda mpaka wakapitiliza. Wakamtia kwenye kanga, kwenye vikombe, kwenye mapazia ya chumba cha bibi harusi. Sinema iliyojaza watu kwa miezi saba mfululizo ilikuwa ya mbwa wa chuma aliyemtorosha binti wa sultani kupitia paa la jumba. Watoto wachanga waliimbiwa mbwa wa chuma wapate kulala. Na vijana, ambao hawaachi kitu kipite bila kukichezea, wakazua dansi.

Dansi yenyewe ilikuwa hivi: hatua tatu za haraka, ya nne unaiburuta. Ndivyo mbwa wale walivyotembea. Tak, tak, tak, halafu shwaa. Mguu wa nyuma wa kushoto ulikokoteka kidogo chini kabla ya kujiunga na wenzake. Haikuwa kwa mbwa mmoja wala wawili. Wote elfu kumi walichechemea, kila mmoja kwa kadiri ileile, na ukisimama darini saa za doria ungesikia mji mzima ukitembea namna hiyo. Mboni alikuwa na miaka arobaini na mmoja na hakuwahi kuichoka sauti ile. Kila alipoisikia alitabasamu mwenyewe, hata akiwa msibani, kwa sababu alimjua mwenyewe aliyeanza kutembea vile.

Mbwa wa chuma hafundishwi kwa maneno. Huwekwa nyuma ya mtu, na mtu huyo, ambaye karakana humwita Mtangulizi, hutembea mbele yake siku arobaini bila kugeuka. Mbwa hufuata, hutazama, na mwendo wa yule mtu humwingia taratibu kama rangi inavyoingia kwenye ukili. Desturi ya karakana ni kwamba Mtangulizi huvaa kanzu ndefu inayogusa vifundo, ili mbwa aone visigino peke yake na asihangaishwe na mengine. Mtangulizi wa kwanza alikuwa Hemedi Semkiwa, baba yake Mboni, mtu mwembamba, mcheshi, aliyeng'atwa na mbwa wa nyama akiwa na miaka minane na tangu hapo akawa anauburuta mguu wa kushoto. Kanzu iliuficha mguu. Mafundi walijipanga kando ya njia kwa siku arobaini, madaftari mkononi, wameikunja mikono ya mashati, na wote walikuwa wakimtazama mbwa. Hakuna hata mmoja aliyemtazama aliyekuwa mbele.

Walipokuja kung'amua, maji yalikuwa yamekwishamwagika. Mbwa yule wa kwanza, ambaye Hemedi alimpa jina la Popi, jina wapewalo mbwa wa uani wasio na makuu, ndiye aliyekuwa chemchemi ya wengine wote. Analojifunza Popi leo, mbwa elfu kumi wanalo papo hapo. Mboni alipenda kuufuata mnyororo ule kwa kidole, hewani, akiwa peke yake jikoni. Jino la mbwa wa nyama likaingia kwenye mguu wa mtoto. Mguu wa mtoto ukaingia kwenye kanzu ya mtu mzima. Kanzu ikaingia kwenye jicho la chuma, na jicho likaingia mjini. Sasa nani anamchechemea nani? Mbwa anamwiga mtu, au mbwa wa zamani amepita ndani ya mtu ili arudi kuwa mbwa? Kidole chake kilikuwa kikifika mwisho wa mnyororo na kuanza tena upya, mpaka chai ikaungua.

Hemedi mwenyewe hakuwepo tena. Alikufa Mboni akiwa na miaka ishirini. Kosa lake lilipogunduliwa, jina lake lilikwanguliwa kwenye kibao cha karakana, na barabara mpya ilipokuja kupimwa ikapita juu ya kaburi lake bila kuomba radhi. Hakuwa na picha. Hakuacha barua, maana hakuwa mtu wa barua. Basi Mboni alikuwa akijiuliza maswali ambayo hayana pa kuulizwa. Mtu ni nini? Ni jina? Jina limekwanguliwa. Ni mifupa? Magari yanaipita juu. Ni sauti? Nimeisahau, Mungu anisamehe, nakumbuka kicheko tu. Ni mwendo? Ikiwa ni mwendo, basi baba yangu anapita hapa nje mara elfu kumi kwa siku, na hajafa hata kidogo.

Na kulikuwa na jambo la pengo. Saa za mji ule zilifuata hatua za mbwa. Palipokuwa na shwaa, saa nazo zilisita, na katika kusita kule lilifunguka pengo jembamba, kiasi cha kufumba na kufumbua. Ungedhani ni kitu kidogo. Lakini watu wa mji walikuwa wamejifunza kuishi humo. Mwanamke aliyesema neno baya juu ya serikali pale sokoni, mbwa wakimfuata, aliwahi kufika kwake na kufunga komeo, kwa sababu mbwa walikuwa nyuma yake kwa hatua moja. Amri zilizotoka juu zilifika zikiwa zimepoa kidogo, na mtu akapata nafasi ya kujiuliza kama kweli anataka kuzitii. Wachumba walibusiana humo. Na wafu walipita humo. Mboni alikuwa ameuona upindo wa kanzu ya baba yake mara tatu, ukikata kona, na mara zote tatu alikimbia akafika kona tupu, akarudi nyumbani akicheka na kulia kwa pamoja kama mwehu.

Mtu aliyegundua pengo hilo na kulichukia alikuwa Bwana Kilindo, Msimamizi Mkuu wa Mistari. Kazi yake ilikuwa kuhakikisha kwamba kila kitu mjini kimenyooka, kuanzia foleni hadi mawazo, na aliifanya kwa moyo wake wote. Hakuwa mtu katili. Alikuwa mtu nadhifu, na unadhifu ukipewa madaraka huwa na kazi nyingi. Alitangaza kwamba mwendo wa Popi utanyooshwa. Watangulizi saba waliletwa, vijana wa kupendeza waliochaguliwa kwa udi na uvumba, na wote saba walipoanza kutembea Popi alikaa kitako akawaangalia wakienda zao. Popi hakumfuata mtu mwingine ila Mboni, ambaye alikua naye. Mboni alikuwa na miezi kumi na moja siku baba yake alipoanza zile siku arobaini, na mama yake alikuwa akimwacha uani atambae. Kwa hiyo walikuwa watatu kwenye ule msafara: Hemedi mbele, Popi katikati, na nyuma kabisa mtoto mwenye nepi, akianguka na kuinuka.

Bwana Kilindo akaja mwenyewe nyumbani kwake. Mboni alimletea chai, akaivuka sebule yote na sinia mkononi, na mgeni akamtazama akivuka kwa jicho la mtu anayepima kitambaa. Akaridhika. Alimweleza kwa upole kwamba kuna njia mbili tu. Ama Popi anafundishwa upya kwa hatua mia moja juu ya unga, mbele ya watu wote, ama sheria mpya inafuata mkondo wake, na sheria ilisema kwamba kila atakayeburuta mguu juu ya unga atakwenda kwenye tanuri.

"Sikuombi umsaliti baba yako, bibie," alisema. "Nakuomba utembee tu, kama unavyotembea siku zote."

"Kwani mimi natembeaje?"

"Umenyooka kama rula. Nimekuona sasa hivi."

Mboni alikubali, na baada ya mgeni kuondoka alijifungia chumbani akalia mpaka macho yakavimba. Akinyoosha mwendo wa Popi, baba yake atakufa mara ya pili, na safari hii atamuua yeye mwenyewe, kwa miguu yake mwenyewe. Asipounyoosha, Popi atayeyushwa kuwa masufuria. Alizunguka na jambo hilo siku kadhaa, Jumatano zile zikienda na kurudi, na mwishowe akapiga moyo konde. Baba yake angewachagua mbwa. Alikuwa na hakika hiyo, kwa kuwa hata yule aliyemng'ata hakuwahi kumsema vibaya.

Ndiyo sababu asubuhi ile alisimama mlangoni na furaha yake na hofu yake. Akavaa viatu. Hapa lazima viatu vyake visemwe kidogo. Katika mji ule, viatu vya kushoto viliuzwa viwili kwa kila kimoja cha kulia. Ilikuwa hivyo tangu Mboni apate akili, na muuza viatu wa mtaani kwao, Bwana Chambuso, alikuwa na rafu nzima ya vya kushoto. Mboni peke yake ndiye aliyenunua jozi. Ilikuwa namna yake ya kujivunia: wengine wana yao, yeye ni mtoto wa Mtangulizi, anatembea barabara. Kwa hiyo chini ya kitanda chake kulikuwa na viatu kumi na moja vya kulia, vyote kama vipya, na alikuwa amegombana na Chambuso mara zisizo na idadi juu ya ngozi ya kushoto ya siku hizi, ambayo inalika ukingoni hata mwaka haujaisha. Chambuso alikuwa akiapa kwamba ngozi ni ileile. Mboni hakumwamini.

Popi alikuwa akimsubiri uani, jicho limewaka. Wakatoka pamoja, na mji ukawapokea kwa kishindo. Vigelegele vilitoka madirishani, mtu alimwaga maua ya asumini kutoka ghorofani, wapiga tarumbeta wa shule wakashika mdundo wa tak, tak, tak, shwaa, na vijana wakaucheza kwa mara ya mwisho, wengine wakicheka, wengine wakifuta macho kwa viganja. Mboni alihisi damu ikimpanda mpaka masikioni. Hakuwahi kupendwa na watu wengi namna ile katika siku moja. Alijionea haya kidogo kwa kufurahi, kwani alikuwa anakwenda kuzika, lakini miguu ilikuwa myepesi kupita kiasi na hakuweza kuizuia.

Uwanja ulikuwa mweupe. Unga wa mahindi ulikuwa umenyunyizwa na kusawazishwa kwa ubao, urefu wa hatua mia moja, upana wa kitanda. Kandoni, kwenye kigoda, alikaa Bi Mwanahawa, Msomaji wa Nyayo, mwanamke wa miaka sabini na kitu aliyevaa miwani mbili, moja machoni na nyingine kwenye paji la uso. Kazi yake ilikuwa ya tangu zamani, toka siku ambazo mji haukuwa na saa. Mtu akishapita kwenye unga, yeye huinama na kusoma kwa sauti kile ambacho unga umesema, na amekula kiapo kukisoma hata kama nyayo ni za mwanawe wa kumzaa. Aliwahi kumsoma mume wake, na ndoa ikaishia hapo. Hakuna aliyekanyaga unga na viatu. Mboni akavivua, akavipanga pembeni, akavaa kanzu ya Mtangulizi waliyomletea, ikagusa vifundo.

Kilindo akainua mkono. Mboni akaanza.

Mguu mosi. Mguu pili. Unga ulikuwa baridi na laini, ukipenya katikati ya vidole. Nyuma yake Popi alifuata, na ile shangwe ya watu ilikuwa kubwa kiasi kwamba hakuweza kusikia hatua zake, akaona ni heri. Alikuwa amejizoeza majuma mengi nyumbani, akifuata ufa wa sakafu kutoka mlango hadi dirishani, na sasa alitembea kwa umakini wote aliokuwa nao, mabega yamenyooka, kidevu juu. Kumi. Ishirini. Usilie, Mboni. Mbwa anajifunza, ukilia atajifunza kulia, na mbwa elfu kumi wakilia nani atawabembeleza? Thelathini. Baba, unanisikia? Nimekuja na kanzu yako, au yenye urefu wa kanzu yako. Arobaini. Jua lilisimama juu ya utosi wake bila kivuli chochote. Akafika hamsini, na pengo likafunguka.

Safari hii halikuwa la kufumba na kufumbua. Lilifunguka kama mlango wa duka. Shangwe ilizimika, maua yalining'inia hewani, na Hemedi Semkiwa alikuwa akitembea kando yake, mwembamba vilevile, akinuka grisi na karafuu. Mboni hakugeuka. Mtangulizi hageuki.

"Baba, leo nakuua," alisema.

Hemedi akacheka. Kilikuwa kicheko kilekile. "Tembea, mwanangu. Usimkatize Popi."

"Natembea sawa?"

"Vizuri sana. Sijapata kuona mtu anatembea vizuri hivyo."

Mboni alitaka kumuuliza mengi, juu ya kaburi na barabara, juu ya mama, juu ya yule mbwa wa nyama alikuwa na rangi gani. Lakini alikuwa na furaha kubwa mno ya kusifiwa na baba yake, akiwa mtu mzima wa miaka arobaini na mmoja, hata ulimi ukamwia mzito. Wakaenda pamoja hatua chache, bega kwa bega. Kisha maua yakaanguka, makelele yakarudi, na alikuwa peke yake kwenye hatua ya hamsini na moja, uso umelowa. Akazimaliza zilizobaki kama mtu anayekimbia ndotoni. Tisini na tisa. Mia.

Uwanja ulilipuka. Watu walirushiana kofia, tarumbeta zikapigwa ovyo, na Kilindo akapiga makofi juu ya kichwa chake, kitu ambacho hakikuwa kawaida yake. Wote walikuwa wamemwona Mboni akitembea, na wote waliona mwendo usio na dosari. Mboni alishika goti akivuta pumzi. Limekwisha, alijiambia. Nimemuua, na wamepona, na nimesifiwa. Alihisi vyote vitatu kwa wakati mmoja na hakujua aanze kukihisi kipi.

Bi Mwanahawa akainuka taratibu kwenye kigoda. Akashusha miwani ya pajini, akainama juu ya unga, na watu wakanyamaza kama wanavyonyamaza siku zote anapoinama.

"Wa kulia, kisigino safi, vidole safi," alisoma. Akasogea. Akasogea tena. "Wa kushoto umeburuta."

"Rudia," Kilindo alisema.

"Umeburuta, Bwana Mkubwa. Tangu hatua ya kwanza mpaka ya mia. Na wa mbwa vivyo hivyo."

Mboni akapiga magoti kwenye unga, kanzu na yote, akatazama. Palikuwa na nyayo zake. Wa kulia ulikuwa kama muhuri. Wa kushoto ulikuwa na mkwaruzo mdogo nyuma yake, uliopinda mwishoni kama ndoana, na mkwaruzo ule aliujua. Aliujua kutoka kwenye ua wao uliokuwa ukimwagiwa maji asubuhi, alipokuwa mdogo kiasi cha kuwa karibu na ardhi, akitambaa kutoka alama moja hadi nyingine. Aliweka kidole ndani yake. Viatu kumi na moja vya kulia vikampitia akilini, kimoja kimoja, na Chambuso wa watu akiapa kwa Mungu. Ndipo alipojua ni ipi iliyoamka kwanza asubuhi ile, maana furaha ilimjia sasa kwa nguvu hata akaegemea mkono asianguke, na hofu ilikuja baadaye, ikihema, ikikumbuka tanuri.

Kilindo alikuwa amekuwa mweusi usoni. Alimwambia kwamba amemhadaa mbele ya kadamnasi, kwamba amechechemea makusudi. Mboni akaapa kwamba ametembea alivyo. Kilindo alivyomwona akivuka sebule na sinia la chai, ndivyo yeye alivyovuka unga. Kilindo alilikumbuka sinia, na akili yake nadhifu ikakataa. Alijua alichokiona. Kama unga unasema vingine, basi kasoro iko kwenye unga, au kwenye miwani ya huyu bibi. Akaamuru ubao uletwe, upande mmoja wa njia usawazishwe upya, na akatangaza kwamba watu wataoneshwa mwendo ulionyooka ni upi, wapate kufananisha. Akainama akavua viatu vyake. Soksi ya kushoto ilikuwa na tundu chini ya kisigino.

Alitembea vizuri sana, lazima hilo lisemwe. Alikuwa mtu mwenye haiba, na uwanja mzima ulimwona akienda wima kutoka mwanzo mpaka mwisho, bila kuyumba, na watu walianza kupiga makofi kabla hajafika. Bi Mwanahawa hakupiga. Alikuwa anafuata nyuma yake ameinama, na kadiri alivyoendelea ndivyo alivyozidi kwenda polepole, mpaka akafika mwisho akasimama, akavua miwani zote mbili akazifuta kwa upindo wa kanga, akavaa tena.

"Wa kulia safi," alisoma. "Wa kushoto umeburuta."

 Watu walitazama chini, kila mmoja miguuni pake, kisha miguuni pa jirani. Mji mzima ulikuwa umekwenda shule nyuma ya mbwa wa chuma, kwa sababu serikali yenyewe iliamuru watoto wasindikizwe. Mji mzima ulijifunza kutembea ukimwangalia mbwa, kama mbwa alivyojifunza akimwangalia Hemedi. Kilindo alizaliwa mwaka wa pili wa mbwa. Alikuwa mtoto msikivu, na bila shaka alifuata kwa makini kuliko wenzake.

Bi Mwanahawa akachukua daftari kubwa lililoletwa kwa ajili ya watakaokwenda kwenye tanuri. Akalifungua ukurasa wa kwanza, akalamba kalamu. Kwa desturi ya mji ule, orodha yoyote, iwe ya harusi au ya msiba, huanza na mwenye cheo kikubwa, kisha ndio wafuate wengine.

"Sheria inasema kila atakayeburuta, Bwana Mkubwa," alisema kwa heshima zote, bila kebehi hata chembe. "Nianze kuandika?"

Kilindo alizitazama nyayo zake. Alizitazama kwa muda mrefu, na Mboni, aliyekuwa bado amepiga magoti, aliona kitu ambacho hakukitegemea: mtu yule alikuwa anashangaa kama mtoto. Aliinua mguu wake wa kushoto kidogo, akaugeuza, akaukagua kama mtu aliyekabidhiwa mzigo wa mtu mwingine.  Kisha akasema kwa sauti ndogo, ambayo haikuwa ya Msimamizi Mkuu wa kitu chochote, kwamba unga ufagiliwe.

Amri ile, kama amri zote, ilichelewa hatua moja. Wafagiaji walisimama na mafagio yao, na katika pengo lile watu wote wa mji waliinama wakaona mistari miwili ya nyayo ikienda sambamba, wa Mboni na wa Kilindo, yenye ndoana zilezile. Mtu mmoja akacheka. Wa pili akacheka. Halafu mafagio yakaanza, unga ukaruka juu, na kicheko kikawa kikubwa kuliko vumbi. Kisichoandikwa kwenye unga hakisomeki, na kisichosomeka hakiandikwi daftarini. Bi Mwanahawa alilifunga akaliweka chini ya kigoda, akakaa juu yake. Kilindo akaondoka na viatu vyake mkononi, na watu wakampisha njia. Hakuna aliyemzomea. Mmoja alimpa pole.

Mboni alirudi nyumbani akiwa mweupe wa unga mpaka kwenye nyusi. Kwa mara ya kwanza alimwacha Popi atangulie, akamfuata nyuma, kama zamani. Tak, tak, tak, shwaa. Alisikiliza miguu yake mwenyewe kwa umakini wa mtu anayesikiliza redio ya mbali, na ikawa kweli: ilikuwepo, ndogo, tulivu, muda wote huo ilikuwepo. Miaka ishirini na moja alikuwa amekimbilia kona kufukuza upindo wa kanzu. Alianza kucheka peke yake barabarani, na waliompita, nao weupe wa unga, walicheka naye bila kuuliza.

Alipofika kwa Chambuso akasimama. Muuza viatu alikuwa ndio kwanza anafungua, ametoka uwanjani, na alipomwona akaanza kujitetea juu ya ngozi kabla hajaambiwa neno, akichukua jozi rafuni kama kawaida. Mboni akamrudishia cha kulia.

"Nipe vya kushoto," alisema. "Viwili."